Muhuri usiamue kura

Juni 2022, Tume ya Elimu ya Vyuo Vikuu ilibatilisha utambuzi wa shahada ya Johnson Sakaja siku chache baada ya Tume ya Uchaguzi (IEBC) kumwidhinisha kuwania ugavana wa Nairobi. Mahakama Kuu ikausimamisha uamuzi huo kwa muda. Kama kinyang'anyiro cha jiji kuu kiliyumba hivyo, mwaniaji wa udiwani kutoka eneo la Ogwedhi, mwenye cheti chake cha masomo ndani ya bahasha ya kaki, atasimama wapi ofisi za Nairobi zinazokagua vyeti zikichelewa kumjibu?

Wapo wanaosema majaji wanaoziwekea ofisi hizo siku ya mwisho ya kujibu wanaingilia kazi yake, na kwamba vyeti ghushi vitapenya. Hoja ya vyeti ghushi ni nzito, na ukaguzi lazima uwepo. Lakini Ibara ya 47 ya Katiba ya Kenya inampa kila mtu haki ya kuhudumiwa na ofisi za umma kwa haraka na kwa haki. Jaji anayeiwekea ofisi siku ya mwisho hamchagui diwani. Anamwachia mpiga kura kazi hiyo. Dawa ni kuanza ukaguzi mapema, kabla ya uchaguzi wa Agosti 2027. Haki iliyocheleweshwa ni haki iliyonyimwa.