Mtaa wa Utoto Ndani ya Kitabu

Maneno yaliyosemwa mbele ya wanachama, Uvira



Leo sitasema juu ya mbegu wala mabati. Nitasema juu ya riwaya moja, na mtaa wake uko hapo ng'ambo tu: ukisimama ufukweni usiku unaona taa za Bujumbura.

Gaël Faye alizaliwa Bujumbura 1982, baba Mfaransa, mama mkimbizi wa Rwanda. Mwaka 1995, juu ya vita, akaenda Ufaransa akiwa bado mtoto. Mwaka 2016 akatoa Petit Pays, ikapata zawadi ya Goncourt ile inayotolewa na wanafunzi wa sekondari.

Ndani yake kuna nini? Njia moja isiyotokea, huko Kinanira. Watoto wanaiba maembe ya majirani, wanapiga hadithi ndani ya Combi mbovu. Mama mmoja Mgiriki anamwazima kijana vitabu. Vita inaingia kidogo kidogo, inafika mpaka kwenye ile njia. Kwangu mimi ndiyo maana inauma: msomaji amekwisha kuzoea mtaa kabla haujaharibika. Hata kule Marekani, Philip Roth, mtoto wa familia ya Kiyahudi, alirudia Weequahic, mtaa wake wa Newark, katika vitabu vingi.

Sasa sisi. Wengi wetu tulikimbia 1996, tukafika Nyarugusu. Kuanzia 2005 meli zikaanza kuturudisha. Watoto waliozaliwa kule wanaitwa hapa "Watanzania", na Kiswahili chao kinachekwa shuleni. Wazazi nao wanawaambia: sahau kambi. Hapo sikubaliani. Foleni ya maji, jirani Mbembe, jirani Mfuliiru, mpira wa makaratasi: hicho ndicho kijiji chao cha kwanza.

Mama mmoja alinijibu, "Mwanangu, kambi haikuwa kwetu." Nikamwambia, mama, hata Bujumbura haikuwa kwao mama yake Faye. Akanyamaza. Halafu akaanza kunieleza siku za posho, nani alipanga mstari, nani aliruka, mpaka giza likaingia.

Basi kuanzia Jumamosi, saa tisa, watoto wa miaka 10 na zaidi wataandika juu ya mtaa waliokulia, iwe kambini, iwe Mulongwe. Daftari ziko, kalamu hazijatosha. Wazee mnaokumbuka majirani wa kule, mje mkae nao.