Mhusika Baada ya Tuzo: Bwana Msa na Wabunifu wa Fantasia



Vijana wapenzi wa fantasia hupenda kushindana kubuni wahusika. Huyu analeta jini, yule mwanafunzi wa chuo cha uchawi, na kila mmoja anaorodhesha silaha, mavazi na nguvu za kiumbe wake. Waamuzi wanasoma orodha, wanatoa alama. Nadai kwamba orodha hiyo haimtoshi mwamuzi. Mhusika hujulikana anapokabili jambo lililomzidi nguvu, na ushahidi wangu ni mhusika aliyetokana na shindano hapa hapa kwetu.

Mwaka 1957-58, East African Literature Bureau iliendesha shindano la kuandika hadithi za Kiswahili. Tuzo ya kwanza ilichukuliwa na Mzanzibari Muhammed Said Abdulla, kwa Mzimu wa Watu wa Kale, riwaya iliyochapishwa 1960. Ndani yake tunakutana na mpelelezi Bwana Msa.

Ukimtazama juu juu, utasema ni wa kuazima. Kiko chake na sahibu yake Najum vinatukumbusha mara moja Sherlock Holmes na Daktari Watson wa Arthur Conan Doyle. Lakini angalieni Abdulla alikompeleka. Maiti inakutwa penye mzimu, mahali ambapo watu wanalo jibu kabla swali halijaulizwa. Hapo kipaji cha kuchunguza nyayo hakitoshi. Bwana Msa anahitaji ujasiri wa kuuliza panapoogopwa, na adabu ya kuuliza bila kuwadharau wanaoogopa. Katika riwaya zilizofuata, mafumbo yake yanazama katika nasaba, ndoa na siri za ukoo, mambo ambayo mgeni wa London asingejua aanzie wapi. Umbo limeazimwa, akili imekulia Unguja.

Ndiyo maana hakuishia kwenye tuzo. Alirudi katika Kisima cha Giningi (1968), Duniani Kuna Watu (1973), Siri ya Sifuri (1974) na Mwana wa Yungi Hulewa (1976). Mwaka 1984 ikatoka Kosa la Bwana Msa: mwandishi alikuwa tayari kulitia kosa la shujaa wake kwenye jalada. Mhusika asiyeweza kukosea angekuwa amechosha zamani.

Wapo watakaosema kuwa upelelezi si fantasia. Basi tukae hapo hapo Giningi, makao ya wachawi katika masimulizi ya Zanzibar. Said Ahmed Mohamed aliifanya kuwa dola katika tamthilia yake Kivuli Kinaishi (1990), chini ya mtawala Bi Kirembwe. Uchawi wa Bi Kirembwe unatisha kwa sababu una watu wa kuubeba: raia waliopumbazwa wakakubali uongo kuwa kweli. Mwondolee raia hao, atabaki bibi mwenye makeke. Nguvu za mhusika, hata za kimuujiza, zinahitaji jamii ya kuziamini, kuziogopa au kuzipinga.

Kwa hiyo, chuo chetu kikiandaa shindano la kubuni wahusika, ninapendekeza maswali matatu kwa waamuzi. Mhusika huyu anaamini nini, na ni tukio gani litakaloitikisa imani hiyo? Nani yuko karibu naye, wa kumbishia na kumshuhudia, kama Najum? Na tukimtoa katika hadithi hii tukampeleka katika nyingine, atakuwa na la kufanya?

Swali la tatu ndilo gumu kuliko yote. Washiriki wengi watajikwaa hapo, na wajikwae. Watakaporudi kuandika upya watakuwa wameshaacha kuorodhesha nguvu na kuanza kusimulia.