Bei ya Nyumba, Bei ya Mkopo

Msikilizaji, huku Bungu, milimani Usambara, wengi hujenga kidogo kidogo: mwaka huu msingi, mwakani kuta, bati baada ya mavuno. Vijana wetu walioajiriwa Tanga na Dar es Salaam wana njia nyingine, mkopo wa nyumba. Tangu sheria ya mwaka 2008 ilipoupa nguvu mkopo huo, benki kadhaa zinautoa, na deni laweza kulipwa kwa miaka 20 au zaidi.

Tufanye hesabu. Umekopa shilingi milioni 50 kwa riba ya asilimia 15 kwa mwaka, inayotozwa kwenye deni lililobaki, kwa miaka 20. Rejesho la mwezi ni takriban shilingi 658,000. Mwezi wa kwanza, 625,000 ni riba. Ni kama 33,000 tu zinazopunguza deni. Hadi unamaliza, umelipa takriban milioni 158. Mkopo uleule kwa miaka 10 unadai 807,000 kwa mwezi, lakini jumla yake haifiki milioni 97.

Bado hujaweka bima, ada ya uthamini na gharama za mwanasheria.

Wahenga walisema kukopa harusi, kulipa matanga. Sisemi usikope, kujenga polepole nako kuna gharama, maana saruji haisubiri bei ya mwaka jana. Ila kabla ya kusaini, wewe na mwenzi wako, ulizeni: jumla yote ni kiasi gani, riba yaweza kupanda, na tukilipa mapema tutatozwa faini?