Jina Moja Katika Hati Zote: Mazungumzo Kuhusu Pasipoti Baada ya Kubadili Jina



Leo tumekusudia kuzungumzia jambo ambalo huonekana dogo mpaka siku ya safari, nalo ni jina lililoandikwa katika pasipoti. Watu hubadili majina kwa sababu nyingi zilizo halali. Yuko aliyefunga ndoa. Yuko aliyeachika na kutaka kurudia jina la baba yake. Yuko aliyesilimu au kubatizwa. Yuko aliyelelewa na mjomba, akaandikishwa shule kwa jina la mjomba huyo, na sasa anataka kubeba jina la baba mzazi. Sheria haimkatazi yeyote kati yao. Matatizo huanza pale mtu mmoja anapokuwa na majina mawili katika hati mbili, naye yumo njiani.

Tuchukue mfano. Mama anampeleka mwanawe India kwa matibabu ya moyo. Ameolewa, na siku hizi anajulikana kwa jina la ukoo wa mumewe. Wakala wa tiketi alipomuuliza jina, alitaja hilo jipya. Pasipoti yake ilitolewa kabla ya ndoa, nayo ina jina la baba yake. Wanafika uwanja wa ndege usiku, mtoto amechoka. Mhudumu wa shirika la ndege anaiweka tiketi kando ya pasipoti, anasoma, anasoma tena, kisha anawaomba wasogee pembeni. Hapana aliyedanganya, wala hapana aliyekusudia ubaya. Lakini ndege inaondoka, nauli inapotea, na miadi ya daktari inapita. Hilo ndilo tusilotaka limpate yeyote aliyeketi hapa.

Huenda mtu akauliza: kwa nini mhudumu yule asitumie busara? Jibu limo katika pasipoti yenyewe. Fungueni ukurasa wenye picha. Chini kabisa mtaona mistari miwili ya herufi kubwa na tarakimu, yenye vialama mithili ya vichwa vya mishale. Mistari hiyo husomwa na mashine, na hupangwa kwa kanuni moja duniani kote, iliyowekwa na shirika la Umoja wa Mataifa linalosimamia usafiri wa anga. Kila mstari una nafasi 44, na katika mstari wa kwanza jina limetengewa nafasi 39. Mashine haijui kwamba mke wa fulani ndiye binti wa fulani. Hulinganisha herufi kwa herufi. Aidha, shirika la ndege linalompeleka nje abiria asiye na hati sahihi huweza kutozwa faini na nchi anayokwenda, hata likalazimika kumrudisha kwa gharama zake. Ndiyo maana mhudumu huona ni afadhali kukuacha kuliko kukuchukua.

Hapo tuwaondolee hofu ndugu zetu wenye majina yenye kibainishi, kama Ng'wandu au Nyang'oro. Katika mistari ile ya mashine kibainishi huachwa, na jina likasomeka NGWANDU au NYANGORO. Hilo si kosa wala si kubadilishiwa jina. Tiketi nazo huandikwa vivyo hivyo.

Wapo wanaodhani kwamba ofisa wa Uhamiaji anaweza kulikata jina la zamani kwa kalamu, akaandika jipya juu yake na kugonga muhuri. Haiwezekani. Pasipoti ya Kielektroniki ya Afrika Mashariki, ambayo nchini Tanzania ilizinduliwa tarehe 31 Januari 2018, ina kidude kidogo kilichohifadhi taarifa zile zile zilizochapwa ukurasani, na taarifa hizo zimefungwa kwa namna ambayo haziguswi bila kugundulika. Kwa hiyo kubadili jina katika pasipoti maana yake ni kuomba pasipoti nyingine, yenye namba nyingine. Ile ya zamani hurejeshwa ofisini na kubatilishwa, kwani pasipoti ni mali ya Serikali hata ikiwa imo mfukoni mwako.

Sasa tufike kwenye kiini cha mazungumzo yetu. Wengi wanaopata taabu hawakukosa hati, walikosea mpangilio. Walianza na pasipoti, ilhali pasipoti ni tawi. Ukianza na tawi utaambiwa urudi kwenye shina, na kila kurudi ni nauli, ni siku ya kazi, pengine ni ada nyingine. Mpangilio wenyewe ndio huu.

Kwanza, amua jina lako kamili, herufi kwa herufi, na uliandike katika karatasi. Usiseme tu, "Nataka jina la mume wangu." Je, jina la baba litabaki katikati, au litaondoka? Je, ni Mohamed au Mohammed? Je, ni Hadija au Khadija? Karatasi hiyo uibebe kila ofisi utakayoingia, na kila hati utakayopewa uilinganishe nayo kabla ya kuondoka dirishani.

Pili, pata hati ya kisheria ya kubadili jina, ile ambayo maofisini mtaisikia ikiitwa "deed poll". Kwa hati hiyo mtu hutamka kwamba ameliacha jina fulani na amelichukua fulani, na kwamba atalitumia jina jipya katika mambo yake yote. Huandaliwa na wakili, hutiwa saini mbele ya shahidi, kisha husajiliwa kwa Msajili wa Hati, katika wizara yenye dhamana ya ardhi. Kusajiliwa ndiko kunakoipa nguvu. Hati iliyoishia mezani kwa wakili, hata ikiwa na muhuri mzuri namna gani, bado haijafika mwisho wa safari yake. Ndugu zetu wa Zanzibar wanazo taasisi zao za usajili, nao waanzie huko.

Tatu, peleka hati hiyo ofisi ya NIDA ya wilaya yako ili taarifa za Kitambulisho cha Taifa zirekebishwe. Namba yako ya utambulisho, yenye tarakimu 20, hubaki ile ile. Kinachobadilika ni jina linaloambatana nayo. Hatua hii ndiyo inayorukwa na wengi, nayo ndiyo yenye uzito kupita zote, kwa kuwa ombi la pasipoti husomwa sambamba na taarifa za Kitambulisho cha Taifa. Endapo huku kuna jina jipya na kule bado la zamani, ombi litasimama.

Nne, ndipo uombe pasipoti. Ombi huanzia katika tovuti ya Idara ya Uhamiaji. Ukimaliza kujaza fomu utaichapa na kuiwasilisha ofisini, ambako utachukuliwa picha na alama za vidole. Chukua pasipoti ya zamani, hati ya kubadili jina iliyosajiliwa, Kitambulisho cha Taifa, cheti cha kuzaliwa, na cheti cha ndoa au cha talaka ikiwa ndicho chanzo cha mabadiliko. Beba hati halisi pamoja na nakala zake. Ikiwa pasipoti ya zamani imepotea, pata kwanza taarifa ya upotevu kutoka polisi. Pasipoti hii ilipoanza mwaka 2018 ada yake ilikuwa shilingi 150,000. Kabla hujalipa, soma ada iliyoonyeshwa katika tovuti siku hiyo, wala usitegemee kauli ya mtu aliyeomba miaka iliyopita.

Yapo maswali mawili ambayo huulizwa mno katika meza yetu, nayo yanastahili kujibiwa kwa utulivu.

Swali la kwanza ni la akina mama. "Nimeolewa, je, nalazimika kubadili jina?" La, hulazimiki. Hakuna kifungu katika Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 kinachomtaka mke achukue jina la mume. Katika mwambao, na kwa Waislamu wengi popote walipo, mwanamke hubaki na jina la baba yake maisha yake yote, na ndoa haipungukiwi na kitu. Anayependa jina la mume yu huru kulichukua. Anayependa kubaki na lake yu huru vile vile. Tunalosisitiza ni kuchagua mapema na kushikamana na uamuzi. Tena fahamuni kwamba cheti cha ndoa huthibitisha kuwa ndoa imefungwa. Peke yake hakisemi kwamba bibi harusi ameacha jina lake. Ndiyo maana tunashauri hati ya kubadili jina iwepo, hata kwa mwenye cheti cha ndoa mkononi.

Swali la pili: "Mimi sikubadili jina, waliliandika vibaya tu. Je, nami nahitaji hati hiyo?" Hapa tutofautishe mambo mawili. Kubadili jina ni kuacha moja na kushika jingine. Kusahihisha ni kurejesha jina lile lile katika maandishi yake ya haki. Mtu ambaye cheti chake cha kuzaliwa kinasema Zainab, na kitambulisho kikasema Zainabu, hajabadili kitu. Anahitaji masahihisho, na aghalabu ushahidi wa cheti pamoja na hati ya kiapo hutosha kuanzia. Lakini akitumia kiapo hicho kugeuka kutoka jina la baba kwenda jina la mume, atakuwa amechukua ufunguo usio wa mlango huo. Waeleze watumishi ukweli wa jambo lako. Kutoa maelezo ya uongo ili kupata pasipoti ni kosa la jinai, hata kama nia yako ilikuwa kufupisha njia tu.

Vipi kuhusu safari iliyokwisha kukaribia? Shikeni kanuni hii moja: tiketi hufuata pasipoti iliyo mkononi. Haifuati jina unaloitwa nyumbani, wala jina utakalokuwa nalo mwezi ujao. Ikiwa safari ya matibabu, masomo au Hija i karibu, na pasipoti ya sasa ingali hai, ni busara kusafiri kwanza na kubadili jina baada ya kurudi. Nchi nyingi hutaka pasipoti iwe na uhai usiopungua miezi 6, basi tazama na hilo. Ikiwa tayari umeanza taratibu za kubadili jina, usikate tiketi kwa jina jipya mpaka kitabu kipya kiwe mkononi mwako. Kusahihisha jina katika tiketi iliyokwisha kulipwa huwa na gharama, na mara nyingine hulazimu kununua nyingine.

Ama mwenye viza ambayo bado ina muda katika pasipoti ya zamani, kabla hajairejesha auandikie ubalozi uliompa viza hiyo na kuuliza: je, itakubaliwa pamoja na pasipoti mpya yenye jina jingine? Kila nchi ina utaratibu wake. Jibu alipate kwa maandishi, alichape, na asafiri nalo. Vilevile aombe ofisini kurejeshewa kitabu cha zamani kikishabatilishwa, kwani viza na mihuri iliyomo ni ushahidi wa safari zake.

Ndugu wananchi, hatuwezi kumaliza bila kuwataja vishoka. Utamkuta karibu na lango la ofisi, amevaa vizuri, ana bahasha mkononi, anakuambia kwamba kubadili jina ni kazi ya miezi, lakini yeye anamjua mtu ndani. Msimpe fedha, wala msimpe pasipoti. Malipo ya Serikali hufanywa kwa namba ya kumbukumbu ya malipo, kupitia benki au simu, na baada ya malipo hayo hupatikana stakabadhi. Fedha taslimu iliyotiwa mkononi mwa mtu barazani haina stakabadhi, na siku utakapotaka kulalamika hutakuwa na cha kuonyesha. Lililo zito zaidi, pasipoti na nakala za vitambulisho vyako zikiangukia mikononi mwake, jina lako laweza kutumika kwa mambo usiyoyajua. Ukicheleweshwa bila sababu au ukidaiwa kitu nje ya ada, andika tarehe, dirisha ulilohudumiwa na ulichoambiwa, kisha umwone mkuu wa ofisi hiyo.

Ukiisha kuipata pasipoti mpya, soma kila herufi ungali pale pale ofisini. Baadaye zungukia benki, usajili wa laini ya simu na akaunti ya fedha iliyo ndani yake, bima ya afya, mfuko wa pensheni na mwajiri. Vyeti vya shule vitabaki na jina ulilosomea. Husomwa pamoja na hati ya kubadili jina. Kwa hiyo hati hiyo si ya kutumika mara moja na kutupwa. Ni daraja kati ya wewe wa jana na wewe wa leo. Itunze kama unavyotunza hati ya kiwanja, weka nakala zilizothibitishwa, na uwaambie watoto wako ilipo, maana ipo siku nao wataihitaji kuthibitisha kwamba aliyetajwa katika cheti chao cha kuzaliwa ndiye mama yao.

Kwa muhtasari: chagua jina lako herufi kwa herufi, sajili hati ya kubadili jina, rekebisha Kitambulisho cha Taifa, ndipo uombe pasipoti, na tiketi iwe ya mwisho. Anayefuata mpangilio huu hana haja ya kumjua mtu ndani.