Bwana Msa Angeanzia Wapi?

Juma lililopita nilikuwa Hanga, kwa Wabenediktini wa huko Songea. Nikamkuta kijana anasoma Mzimu wa Watu wa Kale, cha Muhammed Said Abdulla. Shikamoo yake nikaipokea, akaniuliza: "Mzee, Bwana Msa angempataje Nduna Songea Mbano?"

Swali hilo limenikosesha usingizi. Katika hadithi za upelelezi maiti huonekana mapema, ndipo muuaji asakwe. Hapa muuaji anajulikana: Wajerumani walimnyonga nduna mwaka 1906, wakati wa Vita vya Maji Maji. Kichwa chake, wazee wasimulia, kilikatwa kikapelekwa Ujerumani. Aliyepotea ni marehemu.

Novemba 2023 Rais Steinmeier alifika Songea akaomba radhi. Aliahidi kusaidia kutafuta, kupata hakuahidi. Lakini mwaka huohuo wataalamu wa Berlin walipima vinasaba vya mafuvu, wakawapata jamaa wa Akida, mshauri wa Mangi Meli wa Moshi. Basi njia ipo.

Nikamjibu kijana: Bwana Msa angewasha kiko, aombe daftari za makumbusho. Nani alilipokea sanduku? Tarehe ngapi? Nani alitia sahihi?

Akatoa kalamu, akaniambia nirudie polepole.