Mali Bila Daftari

Ukipita Kimumu, mtaa wa Eldoret kwenye barabara ya kwenda Iten, siku ya Jumamosi, hukosi kumwona kijana na kamera yake. Leo anarekodi koito, yaani sherehe ya posa, kesho mazishi, keshokutwa wanariadha mazoezini. Nina neno naye, na nitalipitishia kwa Mkenya mwenzetu, marehemu Mohamed Amin, mpiga picha za habari.

Amin alizaliwa Eastleigh, Nairobi, mwaka wa 1943, akakulia Dar es Salaam. Huko ndiko alikoanzisha kampuni yake ya picha, Camerapix, mwaka wa 1963, akiwa na umri wa miaka 20 hivi. Zanzibar ilimtia jela mwaka wa 1966 kwa ajili ya kazi hiyo ya kamera. Julai 1969, waziri Tom Mboya alipopigwa risasi Nairobi, Amin aliingia naye ndani ya ambulensi akiendelea kurekodi. Oktoba 1984, picha zake za njaa kule Korem, Ethiopia, zikiambatana na taarifa ya Michael Buerk wa BBC, ziliutikisa ulimwengu, na msaada ukamiminika. Mwaka wa 1991, mlipuko wa ghala la silaha Addis Ababa ulimkata mkono wa kushoto. Akavaa mkono wa bandia, akarudi kazini. Alifariki Novemba 1996, ndege aliyopanda ilipotekwa nyara ikaanguka baharini karibu na Komoro.

Ujasiri huo unajulikana. Mimi namheshimu zaidi kwa jambo lisilotajwa sana: alitunza. Hazina ya picha zake ingalipo Nairobi, chini ya mwanawe, Salim Amin, na sehemu kubwa ya historia ya Afrika Mashariki imo humo.

Sasa tujiulize sisi wa Kimumu. Kadi ya kamera ikijaa, tunafuta. Simu ikiibwa, sauti ya mzee aliyebariki maharusi imekwenda nayo. Bingwa wa kesho anapita hapa akikimbia, hajulikani bado, na video yake haitamaliza mwezi. Wahenga walisema, mali bila daftari hupotea bila habari.

Kijana wangu, kila kazi iwekee nakala mbili, kila moja mahali pake. Andika majina, mahali na tarehe kabla hujalala. Nawe mzazi unayemlipa, idai nakala yako, uitunze pamoja na hati ya shamba. Tukifanya hivyo, wajukuu watakaotaka kujua tulivyoishi hawatategemea kumbukumbu za wageni.