Tarehe ya Kuzaliwa katika Pasipoti: Maneno Yaliyosemwa Mbele ya Mkutano wa Mwaka



Halmashauri imetuagiza tuseme juu ya jambo moja lililowaleta wengi kwetu mwaka huu, nalo ni tarehe ya kuzaliwa iliyoandikwa vibaya katika pasipoti.

Wazazi wetu wa Migori na Homa Bay walijua kuhesabu wakati, ila kwa njia yao. Otieno alizaliwa usiku, Onyango jua likipanda, Okoth mvua ikinyesha. Jina lilitunza saa, wala halikutunza mwaka. Kenya ilikuwa na sheria ya mwaka 1928 ya kuandikisha vizazi, lakini kwa Waafrika ilienezwa wilaya baada ya wilaya, hata ikaenea nchi nzima mwaka 1971. Kwa hiyo wengi wetu tulipimiwa umri mlangoni pa shule: mtoto alipitisha mkono juu ya kichwa, na akigusa sikio la upande wa pili alihesabiwa kuwa amefaa kuingia darasani. Baadaye karani wa vitambulisho aliuliza mwaka, akapewa wa kukisia. Siku na mwezi akajaza mwenyewe.

Matokeo yake tumeyaona. Mwanachama wetu mmoja aliitwa na binti yake aliye ng'ambo. Pasipoti yasema alizaliwa mwaka 1958. Kadi ya ubatizo yasema 1951. Hati hizo mbili zilipowekwa mezani pamoja, alinyimwa viza. Wala hasara haikuishia hapo. Tangu mwaka 2018 serikali huwapa posho wazee walioandikishwa ambao wametimiza miaka 70. Yeye alikuwa ametimiza, lakini kitambulisho chake kilisema bado.

Yatupasa kufahamu kwamba pasipoti ni tawi tu. Mzizi ni cheti cha kuzaliwa, na shina ni kitambulisho. Atakaye kunyoosha tawi aanze chini. Kwanza apate cheti chenye tarehe ya kweli. Kizazi ambacho hakikuandikishwa kwa miezi sita huhitaji idhini ya Msajili, pamoja na ushahidi: kadi ya ubatizo au ya kliniki, karatasi ya shule, barua ya naibu wa chifu. Pili, apeleke cheti hicho kwa wasajili wa watu, pamoja na kiapo kilichoandikwa mbele ya kamishna wa viapo, ili kitambulisho kisahihishwe. Tatu, aombe pasipoti kwa mtandao wa eCitizen, kisha aende mwenyewe katika ofisi ya Uhamiaji, kama ile ya Kisumu. Asithubutu kukwangua wino: pasipoti yenye kosa hurekebishwa kwa kutolewa nyingine mpya.

Wazee wetu, hapa ndipo tunapowahitaji. Ninyi mwakumbuka mvua kubwa za mwaka 1961, ziwa likapanda. Mwakumbuka Uhuru wa 1963, na Julai 1969 Tom Mboya alipozikwa Rusinga. Mzee akumbukaye kwamba mama fulani alikuwa na mtoto mchanga mgongoni siku ya mazishi yale ana ushahidi ambao karani hana. Ushahidi huo ukikaa moyoni tu, utazikwa pamoja na mwenyewe.

Lakini twaonya pia. Wako vijana watakao kupunguza miaka ili wapate kazi au nafasi ya kucheza mpira. Mzee asiape kwa uongo kwa ajili ya kumhurumia mjukuu. Kusema uongo ili kupata pasipoti ni kosa kwa sheria ya mwaka 2011, na kiapo kimoja cha uongo hutia shaka viapo vyote vya kweli vya kijiji.

Kwa hiyo twaomba mambo mawili. Kila nyumba iandikishe mtoto kabla miezi sita haijapita. Na kila mzee akae na mwandishi wa chama, aseme ayajuayo, yaandikwe. Usipoziba ufa utajenga ukuta; na ukuta huu tumeujenga miaka mingi.